Kocha Asiyetaka Filimbi
Na mwanachama wa Kidato cha Tatu

 

Mwaka huu mlezi wa chama chetu alitupa kazi moja. Kila mwanachama aandike somo juu ya mtu mmoja na kazi yake, somo ambalo mwenzake akilisoma atafaidika. Wenzangu walikimbilia madaktari, marubani na mawakili. Mimi nimeleta kocha. Tena si kocha wa kandanda hii yetu, bali wa kandanda ya Wamarekani, na wala si wa zile timu kubwa zinazoonyeshwa kwenye televisheni. Ni kocha wa shule za upili na vyuo vidogo. Najua wapo watakaosema, "Huyu naye katutoa wapi?" Nivumilieni, kwani mvumilivu hula mbivu.

Jina lake ni John Gagliardi. Nilimchagua kwa sababu alipoanza kazi ya ukocha alikuwa na umri wa miaka 16, ndio umri wangu hivi sasa. Tena alianza kwa kuwa kocha wao alikuwa ameondoka, na jambo hilo hilo limetupata sisi hapa shuleni, kama nitakavyoeleza mbele.

MCHEZO WENYEWE

Kabla ya kwenda mbali ni vyema tuufahamu mchezo kidogo. Mchezo huu ni ndugu wa raga kuliko wa soka. Mpira wake una umbo la yai na aghalabu hubebwa mkononi au kurushwa. Kila timu huwa na wachezaji 11 uwanjani. Uwanja una urefu wa yadi 100 kutoka mstari wa goli hadi mstari wa goli, yaani kama mita 91 hivi, na nyuma ya kila mstari kuna eneo jingine la yadi 10.

Timu yenye mpira hupewa majaribio 4 ya kusonga mbele angalau yadi 10. Ikifaulu, inapewa mengine 4. Ikishindwa, mpira unakuwa wa wapinzani. Ukiufikisha mpira katika eneo la mwisho unapata alama 6, halafu unaweza kuongeza alama 1 kwa teke. Teke la kupitisha mpira kati ya nguzo wakati mchezo unaendelea huwa na alama 3.

Wanaozuia wanaruhusiwa kumvamia mwenye mpira na kumwangusha chini. Ndiyo maana wachezaji huvaa kofia ngumu na pedi mabegani, wakaonekana kama askari waendao vitani. Mkenya mwenzetu Daniel Adongo, ambaye alikuwa mchezaji wa raga, alijiunga na timu ya Indianapolis Colts mwaka 2013, kwa hivyo mchezo huu si mgeni kabisa kwetu.

Shika jambo moja hapa: ni mchezo wa kugongana. Basi watu wengi waliamini kwamba kocha wake sharti awe mkali kama pilipili, la sivyo wachezaji watakuwa laini.

KIJANA WA MIAKA 16

John Gagliardi alizaliwa tarehe 1 Novemba 1926 katika mji wa Trinidad, jimbo la Colorado, Marekani. Usichanganye na kile kisiwa cha Trinidad. Mji huu ulikuwa wa wachimbaji wa makaa ya mawe. Baba yake alikuwa mhamiaji kutoka Italia. Kijana huyu alisoma katika shule ya upili ya Kikatoliki ya mji huo na alikuwa mchezaji wa timu ya shule.

Mwaka 1943 dunia ilikuwa katikati ya Vita Vikuu vya Pili. Kocha wao aliitwa jeshini. Shule ilikosa mtu wa kushika nafasi yake, na ikawa karibu mchezo ufutwe kabisa. Lo! Badala ya kufutwa, kazi hiyo akapewa Gagliardi mwenyewe, naye ni mwanafunzi. Akawa mchezaji na kocha kwa wakati mmoja.

Sasa wewe fikiri. Umepewa timu. Wachezaji ni wenzako, jana mlikuwa mnagawana kiazi kimoja. Utafanya nini ili wakuheshimu? Wengi wetu tungeanza kwa kupaza sauti. Yeye alianza kwa kujiuliza maswali. Wakati wa kocha aliyetangulia, wachezaji walikuwa wakizungushwa uwanja mbio na kufanyishwa mazoezi ya viungo mpaka wachoke hata kabla ya kuugusa mpira. Maji walikuwa hawaruhusiwi kunywa mazoezini, maana siku zile makocha wengi waliamini kuwa kunywa maji ni udhaifu. Kijana akauliza: haya yanatusaidia kushinda kweli? Akaona la. Akayaondoa. Wakanywa maji, na muda wao wakautumia kujifunza mchezo wenyewe.

Wakashinda. Baadaye, alipokuwa akisoma katika chuo cha Colorado College, aliendelea na kazi hiyo hiyo akifundisha timu ya shule nyingine ya upili katika mji wa Colorado Springs. Kwa jumla alifundisha shule za upili kwa miaka 6, na timu zake zikatwaa ubingwa wa ligi zao mara 4. Haya yote aliyafanya kabla hajapata shahada yake.

KUTOKA MONTANA HADI MINNESOTA

Gagliardi alihitimu mwaka 1949. Mwaka huo huo, akiwa na miaka 22, aliajiriwa na Carroll College, chuo kidogo cha Kikatoliki mjini Helena, jimbo la Montana. Hapo alikabidhiwa kandanda, mpira wa vikapu na besiboli, zote kwa mpigo! Katika misimu 4 timu yake ya kandanda ilishinda mechi 24, ikashindwa 6 na kutoka sare 1.

Mwaka 1953 alihamia Chuo Kikuu cha Saint John's kilichoko Collegeville, jimbo la Minnesota. Ni chuo cha wanaume kilichoanzishwa na watawa wa Kibenedikti mwaka 1857, na majira ya baridi huko ni ya kuganda maji ziwani. Kabla ya kuja kwake chuo hicho kilikuwa kimekaa miaka 15 bila kutwaa ubingwa wa ligi yao. Msimu wake wa kwanza tu, wakautwaa.

Hapo ndipo alipobaki. Alibaki mpaka mwaka 2012, yaani misimu 60 katika chuo kimoja! Kwa miaka kadhaa alifundisha hata timu ya magongo ya barafuni. Timu yake ya kandanda ilikuwa bingwa wa taifa wa vyuo vidogo mara 4: mwaka 1963, 1965, 1976 na 2003.

Hapa yafaa nieleze maana ya "vyuo vidogo". Huko Marekani, vyuo vikubwa huwapa wachezaji hodari ufadhili wa masomo, yaani mtu anasomeshwa bure kwa sababu ya mguu wake au mkono wake. Viwanja vyao hujaza watu maelfu kwa maelfu. Lakini kuna daraja linaloitwa Divisheni III ambalo haliruhusu ufadhili wa namna hiyo. Mwanafunzi hucheza kwa kuwa anaupenda mchezo, kisha anarudi maktabani kama wenzake. Saint John's iko katika daraja hilo. Kwa hivyo Gagliardi hakuwa na pesa za kumvuta mchezaji. Alichokuwa nacho ni timu ambayo kijana angependa kuwa ndani yake.

ORODHA YA "HAKUNA"

Sasa tumefika kwenye kiini cha somo. Gagliardi alijulikana kwa namna yake ya kushinda kwa "hakuna". Kila mwaka orodha hiyo ilirefuka. Nimechagua haya machache:

1. Hakuna filimbi mazoezini.
2. Hakuna kumwita "Kocha". Wachezaji walimwita John.
3. Hakuna kuangushana mazoezini. Kuangushana kulingoja siku ya mechi.
4. Hakuna mazoezi ya kupita dakika 90.
5. Hakuna kukimbizwa raundi za uwanja.
6. Hakuna kunyimana maji.
7. Hakuna kumfukuza anayetaka kucheza. Aliyetaka alikubaliwa, na mara nyingi timu ilikuwa na vijana zaidi ya 150.
8. Hakuna wakubwa kuwatesa wageni wa mwaka wa kwanza.
9. Hakuna mazoezi nje kukiwa na mvua, joto kali au baridi kali, au mbu wakizidi.
10. Hakuna kushangilia kupita kiasi mkifunga. Kufunga ndiyo kazi mliyoijia.

Nilipofika namba 9 nilicheka peke yangu. Mbu! Hapa kwetu tungefuata hiyo, kuna majira tusingefanya mazoezi kabisa.

Hata mazoezi ya viungo aliyageuza kuwa mzaha. Wachezaji wangelala chali nyasini, halafu kila mmoja akamwambia mwenzake kwamba siku ya leo ni nzuri. Basi, zoezi limekwisha, waendelee na kazi.

Lakini juu ya "hakuna" zote hizo palikuwa na "iko" moja: mtendee mwenzako vile ungependa wewe utendewe. Hiyo ndiyo sheria aliyowapa wachezaji wake, naye aliona ya kuwa ukiifuata hiyo huhitaji nyingine nyingi.

Juu ya namba 2, tafadhali, jamani, msinielewe vibaya. Simshawishi mtu yeyote kumwita mwalimu kwa jina lake la kwanza! Kwetu sisi neno "Mwalimu" lenyewe ni heshima, na mtoto akimwita mkubwa jina tupu nyumbani kwetu anaulizwa amelelewa na nani. Huko kwao ni kwingine na kwetu ni kwingine. Ninachochukua mimi ni kile kilichomo ndani: Gagliardi hakutaka heshima itokane na cheo. Alitaka itokane na kazi.

JE, HUO SI UVIVU?

Nilipowasomea wenzangu orodha hii katika mkutano wa chama, mmoja alisema, "Hiyo si timu, hiyo ni pikiniki." Mwingine akauliza swali zito zaidi: kama hawaangushani mazoezini, siku ya mechi watajuaje kuangusha? Maswali haya ni ya haki, na somo likiyaruka litakuwa halina maana.

Jibu la kwanza ni kwamba kuondoa mateso si kuondoa kazi. Katika zile dakika 90 timu ya Gagliardi ilirudia mbinu zao tena na tena. Kila mmoja alipaswa kujua asimame wapi, amzuie nani, na aende upande gani mpira ukitoka. Anayekosea anarudia, si kwa adhabu, bali mpaka apate. Hesabu ni hivyo hivyo. Ukishindwa na hesabu ya namba 7, kukimbia raundi 10 hakutakufundisha namba 7. Kitakachokufundisha ni kuifanya tena namba 7.

Jibu la pili linahusu mwili. Mchezaji anayegongwa Jumatatu, Jumanne, Jumatano na Alhamisi, siku ya mechi anafika akiwa amechoka au ameumia, tena ameumizwa na rafiki yake. Wa Gagliardi walifika wazima. Miaka mingi baadaye wengine walianza kufikiri kama yeye, hasa ilipojulikana jinsi kugongwa kichwa mara kwa mara kunavyodhuru ubongo. Mwaka 2010 Chuo cha Dartmouth kiliacha kuangushana mazoezini. Mwaka 2016 ligi yao, iitwayo Ivy League, ikapiga marufuku jambo hilo katika mazoezi ya msimu mzima wa mechi. Kumbe yule aliyeonekana mvivu alikuwa ametangulia njia!

Hata hivyo, mgala muue na haki yake umpe. Makocha wakali nao wameshinda, na vikombe wanavyo. Kwa hivyo siwezi kusema kwamba ukali unashindwa daima. Ninachoweza kusema ni hiki: ukali si sharti. Mtu akikuambia, "Bila kuwatesa hawa hawatafika popote," unaweza kumjibu kwa adabu kwamba kuna mzee mmoja wa Minnesota aliyefika bila hilo.

MWAKA WA 2003

Kwa miaka mingi kocha aliyeongoza kwa idadi ya ushindi katika kandanda ya vyuo alikuwa Eddie Robinson wa Grambling State, chuo cha Wamarekani weusi katika jimbo la Louisiana. Robinson alianza kazi hapo mwaka 1941, wakati ambapo weusi na weupe walikuwa wametengwa kwa sheria katika majimbo ya kusini, na akastaafu mwaka 1997 akiwa na ushindi wa mechi 408. Mzee huyo naye anastahili makala yake, labda mwanachama mwingine atamwandika mwakani.

Tarehe 8 Novemba 2003, timu ya Gagliardi ilicheza na Bethel na kuishinda kwa alama 29 kwa 26. Huo ulikuwa ushindi wake wa 409, akampita Robinson. Alikuwa na umri wa miaka 77.

Hayakuishia hapo. Mwezi wa Desemba walifika fainali ya taifa ya Divisheni III na kukutana na Mount Union, timu iliyokuwa imeshinda mechi 55 mfululizo. Nani angewapa nafasi vijana wasiopuliziwa filimbi? Walishinda 24 kwa 6. Msimu ule walicheza mechi 14 na kushinda zote 14.

Mwaka 2006 aliingizwa katika Jumba la Mashujaa wa kandanda ya vyuo, naye bado yuko kazini. Tangu mwaka 1993 kulikuwa tayari na tuzo yenye jina lake, ambayo hupewa mchezaji bora wa Divisheni III. Wanaoitoa hawatazami mchezo tu, hutazama pia masomo na jinsi mchezaji anavyowatumikia watu.

Gagliardi alistaafu Novemba 2012 akiwa na miaka 86. Hesabu yake katika vyuo ilikuwa hivi: kushinda 489, kushindwa 138, sare 11. Hadi leo hakuna kocha wa kandanda ya vyuo aliyefikia idadi hiyo ya ushindi. Alifariki tarehe 7 Oktoba 2018, akiwa na umri wa miaka 91.

Naomba uitazame ile 138 pia. Ni mechi nyingi za kushindwa. Kila moja ingeweza kumfanya aseme, "Basi, kesho mtakimbia mpaka mtapike." Lakini orodha yake iliendelea kurefuka, haikufupishwa.

SASA TUJE KWETU

Niliahidi kueleza kwa nini jambo hili limenigusa. Mwaka jana nilikuwa katika timu ya soka ya shule. Aliyekuwa akitufundisha wakati huo alikuwa na bidii, sikatai, lakini tukishindwa mechi tulizungushwa uwanja raundi 20, na maji tulikunywa tukishamaliza. Sisi ni shule ya kutwa. Mazoezi yakiisha saa kumi na mbili kasoro, kuna wanaotembea saa nzima kufika nyumbani, na huko kuna maji ya kuteka, ng'ombe wa kufungia na kazi ya ziada ya Hisabati inangoja. Rafiki yangu mmoja, winga mwenye mbio kuliko sote, aliacha timu. Aliniambia, "Nikifika nyumbani siwezi hata kushika kalamu." Sikumtetea. Nilimwita mwoga.

Muhula wa kwanza mwaka huu aliyetufundisha alihamia kwingine. Mwalimu mkuu akatuambia wazi kuwa bila mtu wa kuiongoza, timu haitapelekwa mashindanoni. Mwalimu wetu wa Bayolojia akakubali kutusimamia, ingawa alisema yeye mpira aliuacha shule ya msingi. Mazoezi yenyewe wakanipa mimi, kwa kuwa ni nahodha. Na pamoja na mazoezi, wakanipa filimbi.

Wenzangu, nitasema kweli. Siku ya tatu tu, niliwakimbiza wavulana wanne wa Kidato cha Kwanza raundi 10 kwa sababu walichelewa. Sikuwauliza kitu. Nilipuliza filimbi nikaonyesha uwanja kwa kidole, na moyoni niliona raha. Walipomaliza mmoja wao akakaa chini akitetemeka miguu, ndipo nikaambiwa kwamba walikuwa wamechelewa kwa kuwa ilikuwa zamu yao kufagia darasa. Na zamu hiyo iliandikwa na nani? Na mimi mwenyewe, kwa maana mimi ndiye kiranja wa usafi.

Wiki hiyo ndiyo niliyoanza kusoma habari za Gagliardi kwa ajili ya makala hii. Nilipofika pale penye miaka 16, nilifunga kitabu changu cha maandishi kwanza. Yeye na mimi tulipewa kitu kile kile katika umri ule ule. Yeye alikumbuka alivyotendewa akaapa kutowatendea wengine. Mimi nilikumbuka vile vile, lakini nikaona sasa ni zamu yangu. Huo ndio ugonjwa wenyewe, ndugu zangu. Aliyeteswa akipata nafasi, huona haki yake ni kutesa. Ni hivyo katika timu, ni hivyo bwenini kwa wenzetu wa bweni, na hata nyumbani kaka mkubwa akiachiwa wadogo zake.

Jumatatu iliyofuata niliwaomba radhi wale wanne mbele ya timu. Haikuwa rahisi, na kuna waliocheka. Filimbi nilimrudishia mwalimu wa Bayolojia, ambaye ameiweka kwenye droo pamoja na chaki. Siku hizi tunafanya mazoezi saa moja na robo. Mtungi wa maji uko kando ya uwanja tangu mwanzo. Anayekosea pasi anarudia pasi. Kidato cha Kwanza hawabebi viatu vya mtu.

Matokeo? Nisikudanganye, msomaji. Tumecheza mechi tano, tumeshinda mbili, tumetoka sare moja na kushindwa mbili. Sisi si Saint John's. Lakini mwaka jana tulianza muhula tukiwa wachezaji 26 tukamaliza tukiwa 15, na mwaka huu tulianza 22 sasa tuko 31. Yule winga nilikwenda kumwona nyumbani kwao jioni moja, nikamwambia kwamba mwoga nilikuwa mimi. Hakunijibu. Alhamisi iliyopita alikuja akasimama pembeni ya uwanja na sare yake ya shule, akatazama mpaka mwisho, halafu akauliza kama jezi namba 7 bado ipo.

MAFUNZO

Tunaweza kujumlisha somo hili kwa mambo manne:

Kwanza, umri mdogo si kisingizio. Kazi ikikuangukia ukiwa na miaka 16, ishike.

Pili, kabla ya kufuata desturi, uliza inasaidia nini. Ikisaidia, idumishe. Isiposaidia, iache, hata kama wewe uliipitia.

Tatu, nidhamu si mateso. Nidhamu ni kurudia kazi mpaka iwe sawa.

Nne, heshima ya kweli haitoki katika filimbi.

Wahenga walisema kuwa maji hufuata mkondo. Naongeza, kwa ruhusa yao, kwamba mkondo nao huchimbwa na mtu. Kwaheri ya kuonana katika toleo la mwakani, Mungu akipenda.

MSAMIATI

Kiranja: mwanafunzi aliyepewa jukumu la kuwaongoza wenzake.
Ufadhili wa masomo: msaada wa karo na mahitaji ya mwanafunzi.
Mhamiaji: mtu aliyetoka nchi yake kwenda kuishi nchi nyingine.
Mfululizo: moja baada ya nyingine bila kukatika.
Desturi: jambo ambalo watu wamezoea kulifanya.

MASWALI

1. Ni jambo gani lililomfanya John Gagliardi kuwa kocha mwaka 1943?
2. Taja mambo matatu aliyoyaondoa katika mazoezi, na ueleze sababu ya kila moja.
3. "Ukali si sharti." Eleza tofauti ya kauli hii na kusema kwamba ukali hushindwa daima.
4. Kama ungekuwa mmoja wa wale wanafunzi wanne wa Kidato cha Kwanza, ungemwambia nini mwandishi? Jibu kwa aya moja.
5. Andika orodha yako ya "hakuna" tano kwa darasa lako. Kisha uionyeshe kwa mwalimu wa darasa, kwa adabu.